Risala ya Klabu ya Filamu kwa Mgeni Rasmi, Siku ya Kutazama Kazi za Janusz Kamiński

Mheshimiwa Mgeni Rasmi,
Mlezi wa klabu, walimu, wazazi na wanafunzi wenzetu,

Karibu sana. Asante kwa kukubali kutazama nasi kazi za mtu ambaye watazamaji wengi hawamjui hata kwa jina.

Kamiński alizaliwa mwaka 1959 huko Ziębice, Polandi. Mwaka 1981 alihamia Marekani, akasomea filamu Chicago. Tangu Schindler's List ya 1993 amekuwa mpiga picha za filamu wa mwongozaji Steven Spielberg karibu katika kila filamu, na ana tuzo mbili za Oscar.

Filamu hiyo ilipigwa Kraków, karibu yote kwa ukanda wa nyeusi na nyeupe. Hapo wengi hujikwaa: nguo nyekundu mbele ya ukuta wa kijani, kama zina mng'ao sawa, zote hutoka kijivu kile kile na mtu anamezwa na ukuta. Dawa yake ni taa ya nyuma inayochora ukingo wa kichwa na mabega.

Mheshimiwa, tutakaa zaidi kwenye Saving Private Ryan, filamu ya vita ya 1998. Ndani ya kamera ya filamu, shata ni kisahani kinachozunguka, chenye uwazi unaopitisha mwanga. Kawaida uwazi wake ni nyuzi 180. Kwa fremu (picha moja moja) 24 kwa sekunde, kila fremu hupata mwanga kwa 1/48 ya sekunde, na mkono wa anayekimbia huacha ukungu kidogo kwenye picha. Kwenye mapigano ya ufukweni Kamiński aliubana hadi nyuzi 90, pengine 45, yaani 1/96 na 1/192. Ukungu ukatoweka: mchanga uliorushwa na bomu unaonekana punje kwa punje, na askari wanakimbia kwa kushtukashtuka. Gharama yake ni mwanga. Nyuzi 90 hubakiza nusu, 45 hubakiza robo. Aliondoa pia utando wa kinga kwenye lenzi, nuru ikasambaa na rangi zikafifia. Madirisha yanayong'aa kupita kiasi katika filamu zake hulaumiwa, na kweli kuna mahali huzidisha.

Kwa simu, kinacholingana na nyuzi 45 ni fremu 25 kwa sekunde na shata ya 1/200 ya sekunde. Juani hufanya kazi vizuri. Ndani, umeme wetu wa hezi 50 hufanya taa nyingi zipepese mara 100 kwa sekunde. Kwa 1/200 picha hujaa mistari, kwa 1/50 au 1/100 hutulia. Kosa la pili ni kuiachia simu ijiamulie saa sita mchana: shata hupanda kupita 1/2000, hata maongezi ya bibi na mjukuu yakaonekana kama vita.

Kwa hiyo tunaomba vitu viwili: taa mbili za LED zisizopepesa, na kichujio cha kupunguza mwanga cha stopu 6 (kila stopu hupunguza mwanga kwa nusu), ili mchana tuweze kubaki kwenye 1/50.

Ni sisi,
Wanachama wa Klabu ya Filamu