Risala ya Kikundi cha Sanaa cha Skuli kwa Mheshimiwa Mgeni Rasmi, Siku ya Wazazi, Wete, Pemba

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, Mwalimu Mkuu, walimu wetu, wazazi wetu na wanafunzi wenzetu,

Assalaam alaykum.

Tunamshukuru Mwenyezi Mungu aliyetujaalia uzima tukakutana hapa leo. Tunakushukuru na wewe, Mheshimiwa, kwa kuacha shughuli zako ukaja kutazama kazi za watoto.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, michoro uliyoiona ukutani ulipoingia ni ya sanaa ambayo bado haipo duniani. Tumeibuni wenyewe tukaiita Sura ya Moyo. Mtu hukaa mbele ya sinia la maji, akayapulizia taratibu, na hisia aliyonayo ikajichora juu yake. Hasira huja na kingo kali, haikai. Hamu ya mtoto ambaye baba yake yuko dago, kambi ya wavuvi, hutanda polepole, hufika ukingoni na kurudi. Wivu ulitugombanisha: wapo waliouchora mweusi, wengine tukasema hauna rangi yake, huazima ya kilicho jirani nao.

Tumelelewa kustahamili, na subira ni jambo jema. Lakini tuna wenzetu darasani wanaonyamaza na msiba wao mpaka masomo yanawashinda, na hapana anayejua kilichowasibu. Kwa ajili yao ndipo tulipoanza kuifikiria sanaa hii.

Wazee wetu walitutangulia. Kanga ina pindo, mji na jina, na jina lile limesema mengi ambayo kinywa kingeona haya. Jirani husoma, mume husoma, wifi husoma. Kubwa zaidi, anayechagua doti dukani ni mwenyewe, na hasemi ila alilotaka kulisema. Hapo tukachukua sharti la kwanza la Sura ya Moyo: hapana anayelazimishwa kukaa mbele ya sinia, si na mwalimu, si na mzazi. Kumfunua mtu moyo kwa nguvu ni upekuzi, nasi hatuutaki.

Kwa majaribio, tulianzia kwa Mjerumani Ernst Chladni. Mwaka 1787 alichapisha michoro aliyoipata kwa kunyunyiza mchanga juu ya bamba na kulisugua ukingoni kwa upinde wa fidla. Mchanga hukimbia panapotetemeka, hukusanyika panapotulia, na hapo huchora nyota na mistari. Sisi hatuna bamba wala fidla. Mzee mmoja wa mtaani alituazima dufu kuukuu, tukatandaza juu yake mchanga mkavu wa pwani uliochekechwa, na mwenzetu akaimba kwa chini. Mchanga ulicheza, Mheshimiwa! Wadogo zetu walipiga makofi mpaka mwalimu akaja kuuliza kuna nini.

Hata hivyo, alipoimba sauti ileile kwa furaha, kisha kwa huzuni, mchanga ulikaa karibu vilevile, maana wenyewe hufuata kasi ya mtetemo tu. Huzuni imo katika kusita, katika pumzi inayokatika, katika neno linaloshuka kabla ya kwisha. Wapenzi wa taarabu wanalijua hili. Siti binti Saad alipokwenda kurekodi Bombay mwaka 1928, santuri zilimfikisha kwa watu wasiowahi kumwona, nao wakaguswa na sauti yake. Kuyafanya haya yaonekane kwa macho ndiyo kazi tuliyojipa.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, tuna maombi mawili. La kwanza, ghala tupu lililo nyuma ya madarasa lifunguliwe na kutiwa taa, tupate pa kufanyia kazi. La pili ni zito zaidi kwetu: utusemee kwa wazazi. Baadhi yetu huambiwa kuchora ni kupoteza wakati wa mitihani, na neno lako litasikilizwa kuliko letu.

Dufu liko mezani na mchanga umeshatandazwa. Ukiridhia, tunakuomba uwe mgeni wa kwanza kuliimbia.

Tunaomba kuwasilisha.