Yah: Malalamiko kuhusu ukurasa wa "pweza mnyonya damu" katika kitabu chenu cha viumbe wa bahari

Mwalimu wa Baiolojia,
Shule ya Sekondari,
Kigamboni, Dar es Salaam.

Mkurugenzi Mtendaji,
Kampuni ya Uchapishaji wa Vitabu vya Shule,
Dar es Salaam.

Ndugu Mkurugenzi,

Husika na kichwa cha habari hapo juu.

Mwanzoni mwa muhula huu shule yetu ilinunua kwenu nakala za kitabu cha ziada kuhusu viumbe wa bahari. Fedha zilitoka kwa wazazi, waliokubaliana kikaoni kuchangia. Wengi wao ni wavuvi, wachuuzi wa samaki pale Feri na mama lishe, watu ambao kila shilingi wanaijua ilikotoka. Ninalalamikia ukurasa mmoja, unaomhusu mnyama wa kilindini aitwaye Vampyroteuthis infernalis. Karibu kila sentensi iliyomo humo si kweli, na wanafunzi wangu wameshaanza kuikariri.

Mmeandika kwamba ni pweza mkubwa anayewasha mwili wake ili awavute samaki, awakamate na kuwanyonya damu, na kwamba akishambuliwa humwaga wino mweusi na kutoroka. Mchoro unaonyesha minyiri yake ikiwa imelikumbatia jahazi, na ndani ya minyiri mmechora miiba mikali. Mnyama mwenyewe, ukimpima mwili na minyiri pamoja, ana urefu wa takribani sentimita 30. Hiyo mnayoiita miiba ni vinyama laini visivyoweza kumchoma mtu. Wala si pweza. Mwanazuolojia Mjerumani Carl Chun alipomwelezea kwa mara ya kwanza mwaka 1903 alimhesabu miongoni mwa pweza, lakini wanasayansi walishamtenga zamani katika oda (kundi la uainishaji wa viumbe) yake mwenyewe, kwa kuwa pamoja na minyiri minane ana nyuzi mbili ndefu anazoweza kuzitoa na kuzirudisha mwilini.

Nyuzi hizo ndizo zinazomlisha. Mwaka 2012 watafiti wawili, Hoving na Robison, wa MBARI, taasisi ya utafiti wa bahari iliyoko California, Marekani, walionyesha kwamba chakula chake ni chembechembe zinazodondoka kutoka tabaka za juu za bahari: mabaki ya vijidudu waliokufa, vinyesi vya viumbe wadogo, ute uliogandamana. Uzi unakaa majini, chembe zinanasa, naye anazikusanya, anazifunga kwa ute na kuzipeleka mdomoni. Hakuna samaki anayenyonywa damu. Jina alilopewa na Chun, lenye maana ya "ngisi mnyonya damu wa kuzimu", linatisha, nalo pengine ndilo lililompotosha mwandishi wenu, lakini mwandishi wa kitabu cha shule ana wajibu wa kuvuka jina na kumtazama mnyama.

Kosa la wino limeniumiza kuliko yote, na nitaeleza sababu. Tulipokuwa tukisoma ukurasa huo darasani, mwanafunzi wa Kidato cha Pili, ambaye baba yake huvua pweza kwenye miamba, aliuliza: "Mwalimu, kama huko chini ni giza tupu, wino mweusi unamsaidia nini?" Hili ndilo swali ambalo mhariri wenu alipaswa kuuliza kabla kitabu hakijapelekwa mtamboni. Pweza wa miambani humwaga wino kwa sababu anaishi kwenye nuru, na adui yake humtafuta kwa macho. Vampyroteuthis huishi zaidi kati ya mita 600 na 900 kwenda chini, ambako mwanga wa jua umebaki kidogo mno au haupo kabisa. Wino mweusi ndani ya maji meusi haumfichi yeyote. Mnyama huyu hana wino.

Alicho nacho ni mwanga, na hapa ndipo kitabu chenu kiliwanyima watoto somo bora kuliko yote. Mwaka 2003 Robison na wenzake walichapisha walichokiona kwa kutumia vyombo visivyo na mtu, vinavyoongozwa kutoka melini, na kwa kuwachunguza wanyama wenyewe wakiwa hai. Waligundua kwamba ncha za minyiri yote minane zina viungo vya mwanga. Mnyama akiguswa, ncha hizo huwaka na kumetameta, huku minyiri ikipindapinda, kiasi kwamba adui hajui kiwiliwili kiko wapi. Akisumbuliwa zaidi, ncha hizo hizo hutoa ute wenye chembe nyingi zinazong'aa. Wingu hilo la buluu humzunguka na linaweza kuendelea kuwaka kwa karibu dakika 10. Adui anabaki kama mtu aliyemulikwa tochi usoni usiku umeme umekatika, naye mnyama anajiondokea polepole.

Polepole, ndiyo, na mwanafunzi anastahili kujua kwa nini. Mnyama huyu anaishi katika tabaka la bahari lenye oksijeni kidogo sana, ambako wawindaji wengi hawadumu. Anamudu kwa sababu damu yake ina hemosayanini, protini ya kubeba oksijeni, inayoshika oksijeni hiyo kwa nguvu, na kwa sababu mwili wake unatumia nishati kidogo mno. Misuli yake ni dhaifu. Hawezi kukimbia mbio ndefu wala kupigana. Kwa hiyo silaha yake lazima iwe ile isiyohitaji mbio: kumchanganya adui, kisha kutoweka. Mwanga wenyewe hutokana na kemikali mbili, lusiferini na kimeng'enya lusiferesi, zinapokutana palipo na oksijeni, na hautoi joto la kuhisika. Hayo yote yangeenea katika ukurasa mmoja, na yangeunganisha mada za upumuaji, vimeng'enya na makabiliano ya viumbe na mazingira yao. Badala yake mmetupa jahazi.

Kuna viungo vingine viwili vikubwa vya mwanga, kimoja karibu na shina la kila pezi. Vina kifuniko kinachofanya kazi ya kope. Mnyama akikifunga taratibu, doa la mwanga linazidi kupungua, na adui anayetazama huona kama windo linazidi kwenda mbali, kumbe halijasogea. Anaweza pia kuugeuza utando ulioko kati ya minyiri na kujifunika nao mwili mzima. Nilipowachorea wanafunzi haya ubaoni, darasa lilitulia kwa namna ambayo mwalimu hukutana nayo mara chache. Hawakuhitaji damu ili wavutiwe.

Sisemi kwamba hakuna mnyama wa jamii hii anayewinda kwa mwanga. Yupo ngisi mkubwa wa kilindini, Taningia danae, mwenye viungo vikubwa vya mwanga kwenye ncha za minyiri miwili. Watafiti wa Japani wakiongozwa na Tsunemi Kubodera walimrekodi mwaka 2005 akitoa mimweko mikali alipokuwa akivamia chambo. Huenda mwandishi wenu aliwachanganya wawili hawa. Kama ni hivyo, kurekebisha ni rahisi: kila mmoja apewe ukurasa wake na sifa zake.

Pia mmeandika kwamba Vampyroteuthis "hupatikana Marekani". Anaishi katika bahari za joto na za wastani duniani, Bahari ya Hindi ikiwemo. Meli ya Valdivia, iliyobeba msafara wa Kijerumani wa utafiti wa kilindi wa 1898 hadi 1899 chini ya Chun, ilitia nanga hapa Dar es Salaam mwaka 1899. Mtoto wa Kigamboni asifundishwe kwamba maajabu ya kilindi ni mali ya watu wa mbali wakati bahari hiyo inaanzia mlangoni kwao.

Nilipiga simu ofisini kwenu. Aliyepokea alinisikiliza kwa adabu, akaniambia kwamba mchoro umewekwa "kuwavutia watoto tu" na kwamba malalamiko yangu "yatafikishwa". Sijapata jibu hadi leo. Sikubaliani na hoja hiyo. Kitabu kimeandikwa juu ya jalada lake kwamba ni cha sayansi, na mtoto hana namna ya kujua ni sentensi ipi mmeiweka kumfundisha na ipi mmeiweka kumchangamsha. Akiiandika kwenye mtihani atakosa alama, na anayekosa ni yeye, si kampuni.

Kwa hiyo ninaomba mchapishe karatasi ya masahihisho ya ukurasa huo na kuipeleka, bila malipo, kwa kila shule iliyonunua kitabu. Nakala zilizobaki ghalani zisiuzwe kabla ya kuwekewa karatasi hiyo. Toleo lijalo lipitiwe na mtaalamu wa viumbe wa baharini, na jina lake liandikwe ndani ya kitabu ili walimu tujue nani amethibitisha. Mchoro wa jahazi uondolewe kabisa. Kama hamwezi kufanya masahihisho kabla ya muhula ujao kuanza, tutarudisha nakala zetu zote na tutataka fedha za wazazi zirejeshwe shuleni.

Niko tayari kuja ofisini kwenu siku yoyote baada ya saa za masomo, na nitampa mhariri wenu maelezo niliyowaandalia wanafunzi ayatumie apendavyo, bila kudai chochote. Nimeambatisha nakala ya ukurasa husika ikiwa na masahihisho pembeni, pamoja na stakabadhi ya manunuzi.

Wako katika ujenzi wa taifa,

Mwalimu wa Baiolojia

Nakala: Mkuu wa Shule, Mwenyekiti wa Kamati ya Wazazi