Ifsutil.dll ikikosekana, diski haijafa

Bwana Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lenu nizungumze juu ya jambo ambalo baadhi ya mafundi wa kompyuta hapa Lubumbashi hulipita haraka, na ambalo nusura litupotezee, sisi wa shule moja ya Katuba, alama za wanafunzi za mwaka mzima.

Umeme ulikatika, kama ilivyo kawaida ya delestaje (mgao wa umeme), kompyuta ya ofisi ikiwa kazini. Uliporudi, mashine iliwaka na hati zote zilifunguka, lakini kila tulipotaka kukagua diski kwa programu ya chkdsk tuliletewa tangazo la Kifaransa kwamba faili iitwayo ifsutil.dll haipo. Fundi tuliyemwita alishusha kutoka intaneti faili yenye jina hilo, akaibandika katika folda ya System32, na lilipozuka kosa jingine lenye namba 0xc000007b akasema kwamba diski imekufa, dawa ni kuifomati, yaani kuifuta na kuiandaa upya.

Faili za namna hiyo ni maktaba za pamoja, na kazi yake si ngumu kuelewa. Mtaani kwetu si kila nyumba yenye mashine yake ya kusaga. Akina mama wote hupeleka mahindi kwenye mashine moja, na siku inapoharibika hakuna nyumba inayopika bukari ya unga mpya. Vivyo hivyo chkdsk na format (programu ya kufomati) hazibebi kila moja ujuzi wote wa diski, bali huazima kazi za jumla kwa ifsutil.dll, kisha kila mfumo wa faili, yaani namna ya kupanga hati katika diski, una msaidizi wake: untfs.dll kwa NTFS, ufat.dll kwa FAT ambayo bado imo katika kle (vijiti vya kuhifadhia) nyingi za USB, na uexfat.dll kwa exFAT. Ndiyo maana faili moja iliyopotea inaweza kusimamisha programu kadhaa ambazo zenyewe hazina kasoro. Tena, format ya Windows hupitia faili hiyohiyo, kwa hiyo fundi wetu alikuwa akituandikia dawa iliyomo katika duka lililofungwa.

Jambo alilolisahau ni kwamba kusoma na kuandika hati kila siku hakutegemei maktaba hizo. Kazi hiyo hufanywa na ntfs.sys, iliyo ndani ya kiini cha Windows, na kwa kuwa hati zetu zilifunguka, hapakuwa na sababu ya kugusa alama za watoto kabla ya kuzinakili mahali pengine.

Kuhusu faili ya kushusha, jina kufanana hakutoshi. Ile aliyoileta ilikuwa ya biti 32, na Windows yetu ni ya biti 64, ndiyo maana likazuka lile kosa la 0xc000007b. (Majina ya folda nayo humpoteza mtu: katika Windows ya biti 64, System32 ndiyo yenye faili za biti 64, na zile za biti 32 zimewekwa SysWOW64.) Hata kama biti zingelingana, toleo lingeweza kutofautiana, na hakuna ajuaye mtu asiyejulikana ameficha nini ndani ya faili anayoigawa bure.

Fundi wa pili, kijana mwanafunzi, alinakili kwanza hati zetu, akaiondoa faili ile ngeni, kisha akafungua dirisha la amri kwa haki za msimamizi na kuandika sfc /scannow, amri inayolinganisha faili za mfumo na nakala zilizohifadhiwa katika kompyuta yenyewe na kurudisha zilizoharibika. Haikula mega (data ya intaneti) hata moja. Baada ya hapo chkdsk ilikubali kufanya kazi, kwanza bila /f ili isome tu, halafu kwa /f ili irekebishe.

Alitueleza pia kwamba, kama nakala hizo za ndani nazo zingekuwa zimeharibika, tungehitaji amri ya DISM, ambayo huchota faili safi ama kwa intaneti ama kutoka kle ya kusakinishia Windows ya toleo lilelile. Sisi kle hiyo hatukuwa nayo, kwa sababu aliyetuuzia kompyuta hakutuachia. Nawaomba wauzaji wa mjini wamkabidhi kila mnunuzi kle hiyo pamoja na mashine, hata ikibidi kuongeza bei kidogo.

Msomaji wenu,
Komini ya Katuba, Lubumbashi