Ameshinda kesi CMA, mshahara wake uko wapi?

Mhariri,

Naomba nafasi kwenye gazeti lako nisemee wafanyakazi wanaoshinda kesi pale Tume ya Usuluhishi na Uamuzi (CMA), tuzo, yaani uamuzi wa CMA kwenye mgogoro wa kazi, inasema warudishwe kazini na walipwe mishahara yote tangu walipofukuzwa, halafu wanabaki nyumbani vilevile, kazi hawana na hela hawajaiona. Mimi ni kiongozi wa tawi la chama cha wafanyakazi kiwandani hapa Dar es Salaam na haya nayaona kwa watu wangu kabisa.

Sheria yenyewe wala haina shida. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004, kifungu cha 40, inasema mtu akiachishwa kazi isivyo halali mwamuzi anaweza kuamuru arudishwe bila kupoteza mshahara, yaani ahesabiwe kama hakuwahi kutoka, au aajiriwe upya, au alipwe fidia. Na mwenye mzigo wa kuthibitisha kwamba sababu ilikuwepo na utaratibu ulifuatwa ni mwajiri, siyo mfanyakazi. Ila kuna kipande wengi hawakijui: mwajiri akiamriwa kumrudisha mtu akaamua hamtaki, sheria ile inamtaka alipe mishahara ya miezi 12 na juu yake mishahara na stahiki zote kuanzia siku ya kufukuzwa mpaka siku anapomaliza kulipa. Siku anapomaliza kulipa jamani, siyo siku ya tuzo! Nasisitiza hapa maana watu wanaitwa ofisini wanawekewa karatasi ya hesabu iliyoishia tarehe ya tuzo, mtu ana njaa, kodi ya chumba anadaiwa, anasaini, na ukishasaini makubaliano kuja kuyavunja baadaye ni shughuli pevu.

Wengine ujanja wao ni getini. Mtu kaenda kuripoti na tuzo mkononi, mlinzi anamwambia bosi hayupo subiri utapigiwa simu, simu haipigwi, baadaye mwajiri anasema sisi tulikuwa tayari kumpokea ila yeye hakutokea. Ndiyo maana nawaambia wenzangu ukienda kuripoti nenda na barua, nakala yako igongwe muhuri, wakikataa kuipokea nenda na mtu akushuhudie.

Halafu kuna kuvutana mahakamani. Mwajiri asiporidhika ana wiki sita za kupeleka maombi ya marejeo, yaani tuzo ipitiwe upya, Mahakama Kuu, Divisheni ya Kazi, anaomba na utekelezaji usimame, akishindwa pale kuna Mahakama ya Rufani kwa hoja za kisheria. Ni haki yake na siipingi, lakini huyu mwingine anaishi vipi muda wote huo? Watoto wanarudishwa shule kwa michango, mtu anauza kitanda. Na hata mwajiri asipoenda kokote akanyamaza tu, bado ni huyuhuyu mfanyakazi anayetakiwa kupeleka maombi mahakamani ili tuzo ikazwe kama hukumu, yaani mwajiri alazimishwe kuitekeleza, atafute mtu wa kumwandikia, na nauli ya kufuatilia.

Ombi langu kwa wizara inayoshughulika na kazi na kwa wabunge ni kwamba mwajiri anayeomba utekelezaji usimame aweke kwanza mahakamani angalau mishahara ya kipindi ambacho mfanyakazi amekaa nje, shauri likienda upande wake atarudishiwa. Mahakama sasa hivi inaweza kuangalia suala la dhamana, yaani mwajiri aweke kitu cha kuhakikisha malipo, sawa, lakini mimi nataka iwe lazima kwa kila mwajiri. Pili CMA wenyewe wafuatilie tuzo zao, wamwite mwajiri aliyekaa kimya ajieleze, kwa sababu mwamuzi akishasoma tuzo pale basi, hakuna anayeuliza imeishia wapi.

Na kwa ambaye kafukuzwa jana na anasoma hii, usikae ukisubiri bosi apoe hasira. Mgogoro wa kuachishwa kazi unapelekwa CMA ndani ya siku 30, na kwenye fomu namba 1 ya CMA, ile ya kufungulia mgogoro, andika waziwazi kama unataka kurudishwa kazini au fidia, maana wengi wanaandika fidia peke yake kwa sababu kuna mtu kawaambia kurudi haiwezekani, wakati kazi yao walikuwa wanaitaka.

Kiongozi wa tawi,
Dar es Salaam