Bastola kiunoni Marekani: leseni ya jimbo haivuki mpaka

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nizungumzie jambo ambalo ndugu zetu walioko Marekani wanaliuliza mara kwa mara na kujibiwa nusunusu: leseni ya kubeba bastola iliyofichwa. Jibu linalozunguka ni kwamba majimbo 29 hayadai tena leseni, basi mtu anunue, aivae kiunoni, aende zake. Idadi hiyo ni sahihi. Vermont haikuwahi kudai leseni. Alaska iliiondoa mwaka 2003, Arizona 2010, Texas tarehe 1 Septemba 2021, Florida tarehe 1 Julai 2023, na mwaka 2024 zikafuata Louisiana na South Carolina. Lakini mtu akilibeba jibu hilo lilivyo, hasa kama si raia, anaweza kupoteza kwa siku moja alichokijenga kwa miaka.

Kabla ya leseni, zitazamwe karatasi za uhamiaji. Sheria ya shirikisho, inayofunika majimbo yote, inamkataza aliyeingia kwa viza ya muda kumiliki silaha au risasi. Humo wamo wanafunzi wa viza ya F-1, wanaotembelea ndugu kwa B-2 na wafanyakazi wa H-1B. Mwanya unaotumika zaidi ni wa mwenye leseni hai ya uwindaji iliyotolewa na jimbo la Marekani. Asiye nayo, hata risasi iliyosahauliwa kwenye begi ni kosa, na kukodi bastola kwenye uwanja wa shabaha kwa nusu saa kunahesabiwa kuwa ni kumiliki. Kesi ya Rehaif, iliyofika Mahakama ya Juu mwaka 2019, ilianza hivyohivyo: mwanafunzi kutoka Falme za Kiarabu aliachishwa masomo huko Florida, hadhi yake ya viza ikaisha, akaenda kupiga shabaha. Mahakama ilisema upande wa mashtaka lazima uthibitishe kwamba mshtakiwa alijua hadhi yake, na hukumu ikatenguliwa, ila kifungo cha miezi 18 alikuwa amekwishapewa. Tangu 2022 kosa hilo lina adhabu ya hadi miaka 15.

Mkimbizi, aliyepewa hifadhi na mkaazi wa kudumu hawamo katika katazo hilo. Hata hivyo majimbo huongeza yao. Florida, kwa mfano, inataka anayebeba bastola iliyofichwa, mwenye leseni na asiye nayo, awe raia au mkaazi wa kudumu. Mkimbizi ambaye bado anasubiri kadi yake ya kijani, yaani ya ukaazi wa kudumu, asijione yumo kwa sababu tu jirani yake anabeba bila leseni.

Wengi pia wanateleza kwenye bangi. Jimbo linaweza kuwa limeihalalisha, duka likawa wazi mchana kweupe na daktari akaandika cheti, lakini fomu ya shirikisho ya kununulia silaha, Fomu 4473, inauliza kama mnunuzi ni mtumiaji, na yenyewe inaonya kwamba uhalali wa jimbo haubadilishi kitu. Anayeandika "hapana" huku anatumia amesema uongo kwenye fomu ya serikali, na hilo ni kosa la pili juu ya lile la kumiliki.

Linaloniuma zaidi ni hili. Sheria ya uhamiaji inamhesabu asiye raia aliyetiwa hatiani kwa kununua, kumiliki au kubeba silaha kinyume cha sheria yoyote kuwa mtu anayeweza kuondolewa nchini. Haijali kama kosa ni kubwa au dogo, wala kama alifungwa au alitozwa faini tu. Minnesota, wanakoishi watu wetu wengi, kubeba bastola hadharani bila kibali kwa mara ya kwanza hakuhesabiwi miongoni mwa makosa makubwa ya jinai. Mwendesha mashtaka anaweza kutoa makubaliano mepesi, mtu akakubali kosa ili arudi kazini Jumatatu. Kwa raia yameisha hapo. Kwa mwenye kadi ya kijani ndiyo kwanza yanaanza. Tangu Mahakama ya Juu iamue kesi ya Padilla mwaka 2010, wakili wa jinai ana wajibu wa kumweleza mteja wake hatari ya kuondolewa nchini kabla hajakubali kosa, kwa hiyo mshtakiwa amwambie wakili wake mapema kabisa kwamba yeye si raia.

Tukishayavuka hayo ndipo tufike kwenye leseni yenyewe. Hukumu ya Mahakama ya Juu katika kesi ya Bruen, ya tarehe 23 Juni 2022, majaji 6 kwa 3, ilifuta sharti la New York la mwombaji kuonyesha sababu maalumu inayomtofautisha na watu wengine. Majimbo yaliyokuwa na masharti ya aina hiyo, kama California, New Jersey, Maryland na Hawaii, nayo yakalazimika kubadilika. Anayetimiza vigezo sasa ana haki ya kupewa. Vigezo vyenyewe ndivyo vinavyotofautiana kama mlima na bonde.

Pennsylvania mtu wa miaka 21 anakwenda kwa sherifu, anajaza fomu, analipa dola 20, anachunguzwa ndani ya siku zisizozidi 45, anapata leseni ya miaka 5. Hakuna mafunzo. Texas, kwa anayeitaka leseni ingawa si lazima tena, ada ni dola 40, darasa ni la saa 4 hadi 6, kisha risasi 50: 20 kutoka yadi 3, 20 kutoka yadi 7 na 10 kutoka yadi 15, na kufaulu ni alama 175 kati ya 250. Illinois, jimbo la mwisho kuruhusu kubeba bastola iliyofichwa, mwaka 2013, inadai kwanza kadi yake ya mmiliki wa silaha, kisha mafunzo ya saa 16, ada ya dola 150 kwa mkaazi wa jimbo, na risasi 30 zinazopigwa 10 kutoka yadi 5, 10 kutoka yadi 7 na 10 kutoka yadi 10, ambapo 21 lazima zipige shabaha. Anayewasilisha alama za vidole Illinois hujibiwa ndani ya siku 90. Asiyewasilisha, muda unaongezeka hadi siku 120. New York imebaki ngumu kuliko zote: tangu Septemba 2022 ni saa 16 za darasani na 2 za kupiga shabaha, mtihani wa maandishi wa kufaulu kwa asilimia 80, wadhamini wa tabia 4, mahojiano ya ana kwa ana, na majina ya watu wazima wote wanaoishi na mwombaji. Na leseni iliyotolewa nje ya Jiji la New York haifanyi kazi ndani ya jiji hilo bila kibali cha ziada cha polisi wa jiji.

Maombi yanakwama wapi? Mara nyingi kwenye jina na tarehe. Watu wetu wengi wana majina matatu yanayopangwa kwa namna moja kwenye pasipoti na namna nyingine kwenye leseni ya udereva. Tena wakimbizi wengi waliandikishwa wakiwa wamezaliwa tarehe 1 Januari. Kompyuta ya FBI, idara ya upelelezi ya shirikisho, inayochunguza wanunuzi inakuta watu chungu nzima wenye jina linalofanana na siku hiyohiyo ya kuzaliwa, inasimamisha ununuzi, na mwuzaji anamwambia mteja arudi baadaye. Kujaza namba ya hifadhi ya jamii kwenye Fomu 4473 si lazima, lakini kunasaidia kumtenga mtu na majina pacha. Anayekwama kila mara anaweza kuiomba FBI imweke kwenye faili lake la hiari. Akikubaliwa hupewa namba yake ya pekee ya kuandika kwenye fomu kila anaponunua.

Jambo jingine linalokwamisha ni kusoma swali haraka. Kuna fomu inayouliza kama uliwahi kutiwa hatiani, na nyingine inauliza kama uliwahi kukamatwa. Aliyekamatwa kisha akaachiwa bila kesi anaandika "hapana" kwenye zote mbili, alama za vidole zinasema vingine, na ombi linakataliwa kwa udanganyifu wakati tukio lenyewe lisingemzuia.

Sasa nirudi kwa anayeishi Texas au Florida na kujiuliza leseni ya nini. Ipo sheria ya shirikisho inayokataza silaha ndani ya futi 1,000, yaani karibu mita 300, kuzunguka eneo la shule. Inamsamehe aliyepewa leseni na jimbo ilipo shule hiyo. Anayebeba kwa ruhusa ya jumla tu, bila leseni mkononi, hana msamaha huo, isipokuwa bastola iwe haina risasi na imefungwa kwa kufuli kwenye chombo, au awe kwenye eneo la mtu binafsi. Chukua ramani ya mji wowote, chora duara la mita 300 kuzunguka kila shule, halafu tafuta barabara ya kufika dukani isiyopita ndani ya duara hata moja. Mashtaka kwa kupita tu ni machache, lakini sheria ipo, na dola 40 za Texas zinaliondoa tatizo hilo kwa Texas nzima.

Kwa Texas nzima, nasisitiza, maana leseni ya bastola si kama leseni ya udereva. Hakuna sheria ya shirikisho inayolilazimisha jimbo moja kuitambua leseni ya jingine. Majimbo hupatana yenyewe, na makubaliano hubadilika. New York, New Jersey, California na Illinois hazitambui leseni ya mgeni kwa kubeba mwilini. Mwaka 2013 mama mmoja wa Philadelphia, mwenye leseni halali ya Pennsylvania, alivuka daraja kuingia New Jersey, akasimamishwa kwa kosa la barabarani, na kwa uaminifu wake akamwambia askari kwamba ana bastola na leseni. Alikabiliwa na kifungo cha lazima cha miaka isiyopungua 3 kabla ya waendesha mashtaka kulegeza, na Gavana Chris Christie akamsamehe mwaka 2015. Yeye alikuwa raia.

Anayelazimika kupita jimbo la namna hiyo ana kinga ya sheria ya mwaka 1986, ila kwa masharti: awe na haki ya kuwa na bastola anakotoka na anakokwenda, bastola iwe haina risasi, na bastola pamoja na risasi vikae mahali ambapo walio ndani ya gari hawavifikii. Buti inatosha. Gari lisilo na buti, basi kisanduku chenye kufuli, na kile kikabati cha dashibodi hakikubaliki hata kikifungwa kwa ufunguo. Kinga hiyo ni ya kupita. Anayelala njiani kwa shangazi yake siku mbili anajiweka pabaya. Kwenye ndege, bastola isiyo na risasi hufungiwa kwenye kisanduku kigumu chenye kufuli, hutangazwa kaunta na kuingia kwenye mzigo wa chini. Ndege ikielekezwa kiwanja kingine na ukalazimika kulala huko, usiipokee mizigo hiyo mkononi kabla ya kujua uko jimbo gani. Wapo waliokamatwa kiwanja cha Newark, New Jersey, kwa sababu hiyo.

Kuhusu kusimamishwa na polisi, majimbo yanatofautiana tena. Michigan inamtaka mwenye leseni aseme mara moja kwamba ana bastola, na North Carolina vilevile. Minnesota inamtaka aseme akiulizwa. Lakini popote pale, namna ya kusema ina uzito wa uhai. Tarehe 6 Julai 2016 huko Falcon Heights, Minnesota, Philando Castile, aliyekuwa na kibali, alimwambia askari kwamba ana silaha, naye akapigwa risasi na kufa ndani ya gari. Askari huyo aliachiwa huru na mahakama mwaka 2017. Nasema kwa uchungu: kufuata sheria hakukumwokoa. Linalobaki mkononi mwa dereva ni kupunguza kila mwendo. Washa taa ya ndani kama ni usiku, weka mikono yote juu ya usukani, sema kwanza "nina kibali", kisha sema bastola iko upande gani, halafu uulize askari anataka ufanye nini. Usiguse mfuko wala mkanda mpaka uambiwe. Kadi za udereva na kibali zikae mbali na bastola, wala zisiwe mfuko wa nyuma wa upande uleule.

Na kuna jambo ambalo madarasa mengi hulipitia mbio: ala, yaani kifuko cha kuvalia bastola. Bastola ibebwe ndani ya ala ngumu inayofunika kifyatulio chote. Mfuko wa suruali mtupu hautoshi. Hatari kubwa ni wakati wa kuirudisha. Kamba ya jaketi yenye kifundo mwishoni inaingia pamoja na bastola, kifundo kinanasa mbele ya kifyatulio, mtu anasukuma akidhani ala imekaza, na risasi inatoka kuelekea pajani. Jaketi livutwe pembeni, macho yaangalie ala, mkono uende polepole, na ukihisi kizuizi chochote uitoe tena.

Mhariri, ombi langu ni dogo. Mnapochapa habari kwamba jimbo fulani limeondoa leseni, ongezeni mstari mmoja unaotaja viza za F-1, B-2 na H-1B.

Wasalaam,
Msomaji wenu