Dada, fedha ya mtoto iko wapi?

Dada yangu, shikamoo.

Mpwa wangu sasa anajulikana hadi kwa wauza chipsi wa mtaani kwetu. Lilianza tangazo, ikaja tamthilia, na leo nasikia kuna mkataba wa mwaka mzima. Hongera. Nakuandikia hadharani kwa sababu kwenye simu hunisikilizi hadi mwisho, na wazazi wenye jambo kama lako wako wengi. Halafu mjomba akinyamaza, nani aseme?

Umewahi kumsikia Shirley Temple? Alizaliwa Santa Monica, California, mwaka 1928, akaanza kuigiza akiwa na miaka mitatu. Kwenye zile filamu fupi za mwanzo, mtoto msumbufu alifungiwa ndani ya kisanduku cheusi pamoja na bonge la barafu. Baadaye kampuni ya filamu ya Fox ilimpunguzia umri mwaka mmoja ili azidi kuonekana kitoto. Kuanzia 1935 hadi 1938 hapakuwa na nyota Marekani, mkubwa wala mdogo, aliyevuta watazamaji sinema kumshinda yeye.

Sasa sikiliza hesabu. Alipofika miaka 22, tayari ana mtoto na ndoa ya kwanza imemshinda, akauliza fedha zake ziko wapi. Alikuwa ameingiza zaidi ya dola milioni 3. Zilizobaki zilikuwa kama dola 44,000. Hakuvamiwa na majambazi. Zilikwenda kwenye matumizi ya nyumbani, ndugu, na biashara zisizolipa. Na baba yake alikuwa mtu wa benki, dada. Wa benki! Kwa hiyo usiniambie shemeji anajua hesabu.

Hakuwa peke yake. Jackie Coogan, aliyeigiza na Charlie Chaplin akiwa mdogo, aliwashtaki mama yake na baba wa kambo mwaka 1938 kwa kutumia mapato yake, akaambulia sehemu ndogo tu. Kesi hiyo ndiyo iliyozaa sheria ya California ya 1939 ya kulinda mapato ya watoto waigizaji. Ilikuwa na matundu mengi, ikarekebishwa. Tangu mwaka 2000 asilimia 15 ya mapato ya mtoto huwekwa kwenye akaunti asiyoweza kuigusa mtu mpaka atimize miaka 18. Kwetu hakuna anayekulazimisha hivyo, lakini benki zina akaunti za watoto. Nenda ukafungue.

Kilichomwokoa Shirley, nionavyo mimi, ni shule. Mkataba wa Fox ulipokwisha 1940, wazazi wake walimpeleka shule ya kawaida ya wasichana. Sinema aliiacha kabisa mwaka 1950. Baadaye akawa balozi wa Marekani nchini Ghana, 1974 hadi 1976, kisha Chekoslovakia kuanzia 1989, mwaka ule ule utawala wa kikomunisti ulipoanguka. Mwaka 1972 alitangaza hadharani kwamba ana saratani ya matiti, wakati wanawake wengi waliificha. Alifariki 2014 akiwa na miaka 85.

Binti anapenda kuigiza, naliona hilo, na simkatazi. Ila wakirekodi siku za shule, asiende. Na huo mkataba nitumie WhatsApp kabla hamjasaini. Ukurasa wa malipo upige picha vizuri, mara iliyopita ulikata pembeni pale penye tarakimu.