Risala ya Klabu ya Sayansi kwa Mgeni Rasmi, Siku ya Maonesho ya Filamu, Tukuyu

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, Mkuu wa Shule, walimu, wazazi na wanafunzi wenzetu, itifaki imezingatiwa.

Karibu sana Tukuyu. Kama unajiuliza kwa nini klabu ya sayansi imechagua filamu bubu, subiri mvua ipige hili bati. Hapo hata mwalimu mwenye sauti nene hubaki na ubao tu. Filamu isiyosema haina haja ya spika.

Iliyotukonga nyoyo ni "Egged On" ya mwaka 1926, ya Charley Bowers wa Marekani. Anaigiza mtu aliyeshikilia kuunda mashine ya kufanya mayai yasipasuke. Mzazi yeyote aliyewahi kupeleka trei za mayai Mbeya kwa bodaboda atamwelewa! Kupata mayai ya kuonyeshea mashine kunamtoa jasho, lakini hakubali kushindwa. Kisha yanakuja maajabu: mayai yaliyofichwa kwenye injini ya gari yanaanguliwa, na vinatoka vigari vidogo vinavyokimbilia chini ya mama yao. Kidato cha Kwanza, ambao Kiingereza cha darasani bado kinawatesa, walicheka pamoja na Kidato cha Nne. Maandishi machache ya kwenye filamu alitutafsiria mwenzetu papo hapo, kwa mbwembwe zote za banda la video.

Tukataka kujua vigari vile vilitembeaje. Unapiga picha, unakisogeza kitu kidogo, unapiga nyingine. Enzi hizo sekunde moja ilimeza picha 16 hadi 24. Sisi tulijibana kwa 12. Mwenzetu wa Matema, kwao kwenye wafinyanzi, alifinyanga bajaji ya udongo, nasi tukaipiga kwa simu ya mwalimu. Inapanda mlima, inateleza, inapanda tena. Utaona mwanga unarukaruka: wingu la Rungwe halingojei mtu amalize kupiga picha.

Ndiyo maana, Mheshimiwa, ombi letu la kwanza ni taa mbili. La pili ni stendi, kwani simu tunaifunga kwenye kigoda kwa mpira wa baiskeli. Mapazia mazito nayo yatatufaa. Projekta tumeazima kanisani na kabla ya Jumapili lazima irudi, kwa hiyo hata hiyo ukituonea huruma hatutakataa.

Bajaji yetu iko tayari kuonyeshwa. Mheshimiwa Mgeni Rasmi, tunaomba kuwasilisha.

Ni sisi, wanachama wa Klabu ya Sayansi.